Tshibumba, ule aliyetuchorea historia



Wengi wetu tulikomalia mu nyumba zenye picha ukutani, juu ya viti vya salon: mamba muntu, ao ile ya fimbo yenye kuandikwa "Colonie belge". Wazee wetu walikuwa wanaziita ukumbusho. Hakuna aliyeuliza nani alizichora. Leo nataka tuongee juu ya mmoja wao, Tshibumba Kanda Matulu.

Alizaliwa hapa mu 1947, mji ungali Élisabethville. Alichora kwa kutafuta chakula, juu ya kitambaa cha gunia ya unga, na kuuza bei rahisi. Mwisho wa 1973 akakutana na Johannes Fabian, profesa wa antropolojia ku kampasi yetu, akamwambia nia yake: kuchora historia yote ya inchi. Ndani ya mwaka hivi, picha zilikuwa karibu 100. Tangu 1981 hakuna aliyejua tena aliko.

Watu wanasema sura zake zote zinafanana, sawa za mtoto. Ni kweli, zinafanana. Lakini tazama vizuri "Colonie belge". Mzungu anasimama tu, hapigi. Mwenye kupiga ni askari mweusi, na mwenye kulala chini ni mweusi pia. Kama angechora kila sura na tabia yake, tungetafuta nani mbaya, nani muzuri. Yeye anatuonyesha namna kazi ile ilivyogawanywa. Kitabu cha historia kinahitaji kurasa ngapi kusema vile?

Picha ya kifo cha Lumumba ni ngumu zaidi. Maiti tatu, misalaba mitatu kule nyuma, na damu inaandika chini neno "unité". Sisi tuliosoma tunasema mara moja: hii si historia, hii ni Injili. Mimi naona Tshibumba alijua tofauti. Alichora kile kifo cha 17 Januari 1961 kiliacha mu mioyo ya watu. Lakini sitamsifu kwa yote: kwa kumfanya Lumumba kuwa Yesu, Mpolo na Okito wanabaki sawa wasindikizaji, na wao pia waliuawa usiku ule ule, si mbali na mji wetu.

Kinachonichoma ni kingine. Juu ya picha aliandika Kifaransa, lakini alipomweleza profesa alisema Kiswahili, hiki chetu cha hapa. Kitabu kikatoka 1996, kwa Kiingereza, mu California. Picha zenyewe ziko Amsterdam. Alijiita mwanahistoria, na sisi wenye diplome za kampasi ile ile tunamwita paka mchoraji, tena tunahitaji viza kumuona.

Basi, kama kwa wazazi wenu kungali ukumbusho mumoja umekunjwa nyuma ya kabati, musiutupe. Piga foto mbele na nyuma. Soma jina chini kwa kona. Muulize mama aliununua wapi, mwaka gani, na juu ya nini aliuchagua ule. Kisha mutuandikie hapa. Lakini majibu ya mama muyaache mu Kiswahili chake.