Uzio Unaoota

Mgeni akiingia Musée Vivant, makumbusho na bustani ya wanyama iliyofunguliwa hapa Bujumbura mwaka 1977, kwa kawaida huanza na mamba. Nyumba ya nyasi iliyojengwa kwa mfano wa makao ya kifalme huifikia akiwa ameshachomwa na jua la uwanda wa Imbo, akaingia ndani kutafuta kivuli tu. Si vibaya. Kivuli hicho ni kazi ya fundi, na kazi inaweza kuanza kuheshimiwa kwa kustareheshwa nayo.

Macho yakishazoea giza, ayainue. Katika nyumba za namna hii huoni mahali ukuta unapokoma na paa kuanza. Fito zilizochimbiwa kwa duara hupanda, hupinda na kukutana juu, na pete za fito nyembamba huzizunguka toka chini hadi kileleni, zikikazwa kwa kamba za mafunjo. Ni kikapu kilichopinduliwa, ila mtu anaishi ndani. Nje, nyasi hupangwa kuanzia chini, safu juu ya safu, kila safu ikifunika mashina ya iliyotangulia ili tone la mvua liteleze tu. Pagumu ni kileleni, nyasi zote zinapokutana na maji yanapopenda kuingilia. Hapo ndipo fundi mzuri na fundi wa kubahatisha hutengana. Kisha unawashwa moto. Nyumba haina bomba la moshi, na halikusahauliwa: masizi huzipaka fito weusi unaong'aa, moshi huwafukuza mchwa na bungua.

Nimeisifu, na sifa zake ni za haki. Lakini nyumba hii inayopigwa picha na kila mtu ndiyo sehemu ya boma ambayo wajenzi wenyewe walijua itakufa. Moto ukizimika, baada ya misimu michache ya mvua nyasi huanza kuoza na fito kulegea. Ufundi uliokusudiwa kuwazidi wenye nyumba umri ulikuwa nje, kwenye uzio.

Boma la mfugaji wa Mugamba au Bututsi, kwenye vilima virefu vya Burundi ambako asubuhi baridi hung'ata, halikujengwa kijijini. Warundi hawakuwa na vijiji. Kila urugo, yaani boma la familia, ulikaa peke yake kilimani na mashamba na malisho yake. Kwa hiyo uzio ndio uliokuwa kila kitu: ukuta, mpaka, stoo ya kuni, na hati ya umiliki. Ndani yake nafasi iligawanywa. Ua wa mbele ulikuwa wa ng'ombe, wale wa pembe ndefu. Jioni walirudi wakakuta moto wa samadi ukifuka moshi mzito wa kufukuza inzi. Ua wa nyuma ulikuwa wa familia, pamoja na maghala ya nafaka. Usiku lango lilizibwa kwa magogo yaliyolazwa moja juu ya jingine.

Na uzio huo haukuchongwa, ulipandwa. Mvua za vuli zikikaribia, mjenzi huchagua matawi mazito ya mvumu, jamaa ya mkuyu, yanayokaribia unene wa mkono. Huyakata kwa mshazari ili maji yasituame kwenye jeraha, akayaacha kwanza utomvu ukauke, maana tawi linalopandwa likivuja huoza kabla ya kushika. Kati ya mvumu na mvumu huweka minyaa, ambayo utomvu wake unachoma hadi ng'ombe mwenyewe hauonji, na masale, ambayo hayafi hata ukiyasahau. Penye heshima husimama umurinzi, mti wa maua mekundu ulio wa mzimu Kiranga katika ibada za mababu. Ila matawi haya bado ni mafupi na hayajashika, na chui hasubiri. Basi mjenzi husuka uzio wa pili, uliokufa, wa matete na fito kavu, akiupitisha katikati ya ule ulio hai. Kwa miaka miwili mitatu mfu humlinda aliye hai. Baadaye matete huoza na kudondoka, na anayebaki amesimama ni yule aliyekuwa akilindwa.

Hesabu hii ya muda ndiyo inayonishangaza kuliko fundo lolote la kamba. Fundi anajenga kitu kibovu kwa makusudi, kwa ustadi uleule, ili kizuri kipate nafasi. Na kizuri kikishakomaa kinalipa: majani ya mvumu hulisha mbuzi kiangazini, na magome yake yalipondwa yakawa nguo kabla vitambaa vya madukani havijapanda vilimani kutoka ziwani.

Yaliyopita juu ya maboma haya ni mengi. Mwanzoni mwa miaka ya 1890 tauni ya ng'ombe, ambayo Warundi waliiita umuryamo, ilifyeka mifugo ya Afrika Mashariki na kuacha nyua tupu. Kabla mifugo haijarudi sawasawa wakaja Wajerumani. Mwaka 1903, kwa mkataba uliofanywa mahali paitwapo Kiganda, Mwami Mwezi Gisabo alitozwa faini ya ng'ombe 424. Katika nchi ambayo ng'ombe ndiye deni, mahari na urafiki, faini ya namna hiyo ilikuwa imemlenga mfalme mahali pake panapouma. Mwezi alifariki mwaka 1908. Wafalme wa Burundi hawakukaa mji mmoja; walihama kutoka makao hadi makao, wengi wao katika nchi ya Muramvya, na walipohama nyumba zilianguka. Miti ikabaki. Gishora, karibu na Gitega, ambako makao yanahusishwa na ushindi wa Mwezi dhidi ya chifu muasi Ntibirangwa, watu huenda kusikiliza ngoma, zile ambazo UNESCO iliziingiza kwenye orodha yake mwaka 2014. Ningewashauri watazame na mivumu pia. Nyumba za pale zimejengwa upya. Miti haikuhitaji kujengwa upya.

Bujumbura inaingia katika habari hii kwa mlango wa kiangazi. Majani ya vilimani yakikauka, wachungaji waliteremka na makundi hadi Imbo, tambarare ya Rusizi, ambako unyevu wa mto uliyaweka majani mabichi. Huku hawakupanda uzio. Walikata miiba ya migunga, wakaizungusha zizi, wakarudi juu mvua zilipoanza, wakiacha miiba ikauke. Fundi yuleyule, ujenzi wa aina mbili: alijua kabisa mahali pa kuotesha na mahali pa kutupa. Wakati wa Wabelgiji pamba na mashamba yaliyopimwa vilianza kuula uwanda, kisha mji nao ukapanuka, na njia za ng'ombe zikawa mitaa.

Pigo la karibuni ni la sheria. Sheria ya Oktoba 2018, iliyoanza kutekelezwa miaka mitatu baadaye, inataka mifugo ifungwe bandani, isizurure tena. Sababu zake zinaeleweka: vilima vimejaa watu, udongo unachukuliwa na maji, na ng'ombe wa mtu akiingia kwenye maharagwe ya jirani ni kesi. Lakini ng'ombe wa pembe ndefu hakuumbwa kwa banda. Pembe zenyewe zinadai chumba chake. Anayechukua nafasi yake ni chotara mwenye pembe fupi au asiye nazo, anayeletewa majani mdomoni.

Hapo uzio umepata ajira mpya. Majani yote sasa hukatwa kwa panga na kubebwa, na kiangazini ng'ombe hutegemea kilichopandwa mpakani: matete, kaliandra, na mvumu wa zamani palipo na bahati ya kuwa nao. Ukataji wake una kanuni. Tawi huachwa kisiki kidogo juu ya kovu la zamani, kwa mshazari uleule wa siku ya kupanda, na uzio haukatwi wote kwa mkupuo. Unaanza upande mmoja wa lango, miti michache kwa juma, ukizunguka boma polepole. Ukiufikia upande wa pili, ule wa kwanza umeshachipua na unaweza kukatwa tena.