Maneno ya Kale katika Biblia ya Kiingereza

Mtu wa Masasi au Newala ajizoezaye Kiingereza kwa Biblia iliyopigwa chapa mwaka 1611 ashika kitabu chenye lugha tukufu. Walakini kwa mwanafunzi kina mitego miwili.

Wa kwanza ni matamshi. Katika Mathayo 14:15 mna neno victuals, maana yake vyakula. Msomaji wa Kiswahili hulitamka kama alionavyo. Kumbe Waingereza husema vitalz. Neno hilo lilitoka Ufaransa bila herufi c; wataalamu waliitia baadaye kuonyesha asili yake ya Kilatini, wala midomo ya watu haikuifuata. Basi mtoto akikosea asichekwe: amesoma kilichoandikwa, kama Kiswahili kilivyomfundisha.

Mtego wa pili ni mbaya zaidi, maana haumshtui mtu. Neno let siku hizi ni kuruhusu. Katika Warumi 1:13 ni kuzuia. Asiyejua atafundisha ya kuwa Mtume Paulo aliruhusiwa kwenda Rumi, kumbe alizuiwa! Kadhalika prevent, ambalo leo ni kuzuia, katika 1 Wathesalonike 4:15 ni kutangulia.

Kwa hiyo, ndugu wasomaji, yatupasa kuiweka Biblia ya Kiswahili kando ya hiyo ya Kiingereza, na kuzilinganisha. Neno geni hatulijui, nasi twauliza maana yake. Bali neno tudhanilo kuwa twalijua ndilo litupotezalo, na pamoja nasi wale tunaowafundisha.