Orestes Katika Nchi Yetu: Je, Kisasi Kimelala?

Mwaka 1970 Pier Paolo Pasolini, mwongozaji filamu wa Italia, alitoa kazi iitwayo "Appunti per un'Orestiade africana". Alitaka kuileta tanzia ya Aeschylus, iliyochezwa Athene mwaka 458 K.K., katika Afrika ya baada ya uhuru. Alipita Uganda na Tanzania akipiga picha za masoko, shule na nyuso za watu, akitafuta nani angefaa kuwa Agamemnon. Filamu kamili haikutengenezwa. Tuliyoachiwa ni maandalizi, yaliyokusudiwa televisheni ya Italia. Watu wa Kigoma waliopigwa picha hawakuwa na pa kujitazama, kwani vituo vya televisheni vilianza Tanzania Bara katika miaka ya 1990.

Hoja yake ni hii. Orestes amemwua mama yake ili kulipiza kifo cha baba. Miungu ya kisasi yamwandama. Athena aunda mahakama. Kura zalingana, naye aachiliwa. Kisha miungu ile yageuka kuwa walinzi wa mji. Pasolini aliiona Afrika huru ikivuka vivyo hivyo, kutoka kisasi hadi sheria. Mfano wake ni ngoma ya Wagogo, ambayo aliiona kuwa ibada ya zamani iliyogeuka furaha. Alipowaonyesha picha hizo wanafunzi Waafrika huko Roma, baadhi yao walipinga Afrika kufanywa kitu kimoja. Ni sifa ya filamu hiyo kwamba haikuyaficha mapingamizi yao.

Mimi nami nasita, kwa sababu nyingine. Anayehudumu Ushirombo ajua kwamba mahakama zilijengwa, na kisasi hakikuondoka. Sungusungu wa miaka ya 1980 waliupunguza wizi wa ng'ombe. Lakini vikongwe waliendelea kutuhumiwa uchawi kwa sababu ya macho mekundu, na wengi waliuawa. Nimesimama kaburini pa mmoja wao. Waombolezaji waliogopa kulia kwa sauti.

Hapa Aeschylus ameona mbali kuliko Pasolini. Athena hakutosheka na hukumu. Aliwasihi wenye hasira kwa subira mpaka wakakubali makao. Torati nayo haikumwachia mlipiza kisasi njia wazi, bali iliweka miji ya makimbilio (Hesabu 35). Sheria huuzuia mkono, lakini haiponyi hofu ya mfiwa anayemtafuta mchawi. Kazi hiyo ni yetu, ndugu wachungaji, nayo huanza matangani, kabla mpiga ramli hajaitwa.