Gari la Mnada wa Benki Linavyopata Logibuku Mpya

Mnada wa benki nchini Kenya humalizika kwa dakika chache. Dalali anahesabu moja, mbili, tatu, nyundo inagonga, na aliyetaja bei ya juu anaandikiwa risiti. Kinachobaki ni kazi ya makaratasi, na ugumu wake una chanzo kimoja: logibuku, yaani hati ya usajili wa gari, ina jina la mtu ambaye hakuliuza gari kwa hiari yake.

Katika mauzo ya kawaida, muuzaji huanzisha uhamisho kwenye akaunti yake ya eCitizen, tovuti ya huduma za serikali, upande wa huduma za NTSA, mamlaka inayosajili magari. Mnunuzi naye huukubali kwenye akaunti yake, kisha ada inalipwa kulingana na ukubwa wa injini. Utaratibu huu unategemea ridhaa ya pande mbili. Mdaiwa aliyechukuliwa gari usiku hana haja ya kubonyeza chochote, na wengine hata simu hawapokei.

Benki hujikinga na hali hiyo mapema. Siku ya kutoa mkopo, gari husajiliwa kwa majina mawili, la benki na la mkopaji, na logibuku ikakaa benki. Dhamana yenyewe huandikishwa kwenye daftari la kielektroniki lililotokana na sheria ya 2017 kuhusu dhamana za mali inayohamishika. Kwa hiyo mkopaji akishindwa kulipa, benki huuza kama mdai aliyepewa idhini na mkataba pamoja na sheria. Haiuzi kama mwenye gari.

Pengo la ridhaa ya mdaiwa huzibwa na hati zinazofuatana. Mkataba wa mkopo unathibitisha dhamana. Ilani ya deni inaonyesha kwamba mdaiwa alijulishwa. Barua ya maagizo inampa dalali mamlaka. Kanuni za Madalali za 1997 zinataka mdaiwa apewe siku 7 za kukomboa mali yake, halafu tangazo litoke gazetini, na mnada usifanyike kabla ya siku 7 kupita tangu tangazo la kwanza. Hati ya mauzo inamtaja mnunuzi, bei na gari. Mwishoni benki inaiandikia NTSA, ikiambatisha logibuku, kuomba uhamisho ufanywe bila mdaiwa kushiriki. Hati moja ikikosekana, faili inarudi ilikotoka.

Mara nyingi kinachokwamisha ni kitu kidogo. Chukua Toyota Probox iliyotoka Japani. Nambari yake ya chesisi haina herufi na tarakimu 17 kama za magari ya masoko mengine. Huanza na msimbo wa modeli, tuseme NCP51, ikafuata kistari, kisha tarakimu za gari lenyewe. Karani wa dalali akiruka tarakimu moja, hati ya mauzo inataja gari ambalo NTSA hailijui. Vivyo hivyo injini ikiwa ilibadilishwa bila rekodi kurekebishwa: nambari iliyogongwa kwenye chuma haitalingana na ile ya logibuku, na ukaguzi utaligundua hilo.

Wakati huo wote, saa ya sheria inahesabu. Kifungu cha 8 cha Sheria ya Trafiki kinamchukulia aliyesajiliwa kuwa ndiye mwenye gari mpaka ithibitishwe vinginevyo. Kifungu cha 9 hakiruhusu gari lililouzwa kutumika barabarani zaidi ya siku 14 kabla mmiliki mpya hajasajiliwa. Mnunuzi aliyekwama kwenye makaratasi ana gari, lakini inafika siku hawezi kuliendesha kihalali.

Kwa sababu hiyo, usajili huamuliwa yadini, siku za kukagua magari, kabla ya mnada. Mnunuzi makini huomba nakala ya logibuku, huinama na tochi kusoma chesisi na injini, hupekua rekodi za NTSA na lile daftari la dhamana asije akakuta mdai mwingine mwenye haki ya kutangulia. Pia huitaka benki iandike ni nani atakayeshughulikia uhamisho na kwa muda gani.

Gari ambalo logibuku yake ina jina la mdaiwa peke yake bado linaweza kununuliwa. Ila benki itakuwa na mengi zaidi ya kuthibitisha, pengine kwa amri ya mahakama, huku gari likisubiri. Kusubiri huko ni gharama, na gharama hiyo ipunguzwe kwenye dau kabla mkono haujainuliwa.