Sauti na Ukimya: Amandina Lihamba katika "Maangamizi"

Kwa Wairaqw wa Mbulu na Hanang, slufay hunenwa na mzee mmoja na kuitikiwa na kikao kizima. Neno la mmoja hukamilishwa na vinywa vya wengi. Jukwaa nalo lina desturi iliyo karibu na hiyo. Amandina Lihamba, mwalimu wa sanaa za maonyesho katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam na mtunzi wa "Hawala ya Fedha" (1980), aliizoea hadhira ijibuyo kwa kicheko au kwa guno. Alipoingia katika filamu huru, kwanza "Arusi ya Mariamu" (1985), kisha "Maangamizi" (2001) ya Martin Mhando na Ron Mulvihill, aliiacha hadhira hiyo nyuma. Kamera haiitikii.

Zaidi ya hayo, katika "Maangamizi" yeye ni Samehe, mgonjwa wa akili asiyetamka neno kwa miaka 20. Mwigizaji wa jukwaa hutegemea sauti ifike safu ya mwisho. Hapa sauti yenyewe ameondolewa. Je, elimu ya jukwaa imepotea bure? Sivyo. Ajuaye uzito wa neno ndiye ajuaye kulizuia, na ukimya wa Samehe ni wa mtu mwenye la kusema. Daktari Asira, mgeni kutoka Marekani, ndiye mwitikiaji wake.

Filamu hiyo ilipelekwa kwa niaba ya Tanzania kushindania Oscar. Hiyo ni heshima. Lakini mwitiko wa Los Angeles si mwitiko wa Mbulu. Sanaa iliyozaliwa uwanjani haikamiliki mpaka irudi uwanjani.