Mfuko wa Gololi Mbele ya Watoto wa Mbunya

Katika vitabu vya chama chetu tumezoea kuandika juu ya ngoma, mahari, majina ya watoto na vyakula vya wazee. Mara hii tunaomba ruhusa tuzungumze juu ya kitabu cha Mzungu. Msituone kama tumepotea njia. Tutarudi kwenye moto, pale bibi zetu walipokuwa wakitutolea hadithi usiku, kwa maana swali letu linatoka pale pale: ni hadithi gani tunaweza kumpa mtoto juu ya chuki ya kabila, ikiwa mtoto mwenyewe ameiona chuki hiyo kwa macho yake?

Kitabu kinaitwa Un sac de billes, ndiyo kusema mfuko wa gololi, zile ambazo watoto wetu wanaita biye. Mwandishi ni Joseph Joffo, kinyozi wa Paris aliyefariki mwaka wa 2018. Alikitoa mwaka wa 1973, akisimulia utoto wake wakati Wajerumani walipokuwa wameshika Ufaransa. Shuleni kwetu kuna nakala nne, moja haina jalada. Tunakisoma na mwaka wa tatu wa sekondari, watoto kumi na zaidi kwa kitabu kimoja, mwenye sauti nzuri anasoma na wengine wanasikiliza. Kwa kweli si mbaya. Inafanana na hadithi za motoni.

Kisa ni hiki. Joseph ana miaka 10, kaka yake Maurice ana 12. Baba yao ana duka la kunyoa nywele. Yeye mwenyewe aliikimbia Urusi akiwa bado mtoto, akaja Ufaransa akifikiri kwamba sasa amefika. Halafu Wajerumani wanaingia, na amri inatoka, ile ya mwaka wa 1942: kila Myahudi anayezidi miaka 6 ashone nyota ya manjano kwenye nguo yake. Wazazi wanawapa wavulana pesa kidogo na kuwaambia waende peke yao mpaka kusini, ng'ambo ya mstari wa Wajerumani. Sehemu kubwa ya kitabu ni ile safari: treni, msitu usiku, Marseille, Menton, Nice, tena milimani. Wavulana wanarudi wazima. Baba harudi. Alikufa Auschwitz.

Shida ya kwanza tuliyokutana nayo ni kwamba watoto wetu wanajua Wayahudi wa Biblia tu: Musa, Daudi, Petro. Mwanafunzi mmoja aliuliza kama Wayahudi bado wako duniani. Tukawaeleza kwamba hata Kongo walikuja. Wengi wa wale wa Lubumbashi, wakati ikiitwa Elisabethville, walitoka kisiwa cha Rhodes, na ndugu zao waliobaki kule walikamatwa Julai 1944 wakapelekwa Auschwitz, ambako karibu wote walikufa. Tuliposema kwamba baba ya Moïse Katumbi alikuwa Myahudi wa Rhodes, darasa zima likapiga kelele. Katumbi wanamjua juu ya mpira na siasa. Kuanzia siku ile Wayahudi walitoka kwenye Biblia wakawa watu.

Sasa tuje kwenye kitabu chenyewe. Kwa maoni yetu nguvu yake iko katika kurasa za mwanzo, na wengi wanazipita mbio ili wafike kwenye treni. Asubuhi ile Joseph anafika shuleni na nyota kifuani. Watoto aliocheza nao jana wanamzunguka, wanamtukana, wanampiga. Rafiki yake Zérati haoni ubaya wowote. Kwake nyota ni kitu kizuri sawa medali, na anaomba wabadilishane: nyota kwa mfuko wa gololi. Ndipo jina la kitabu linatoka. Lakini kilichotuchoma sisi ni kitu kidogo zaidi. Darasani mwalimu anajifanya kama hamuoni. Joffo anapita hapo kwa mistari michache, wala hamlaumu.

Sisi tuliosoma Mbunya miaka ile tunamjua mwalimu huyo. Mwaka wa 1999, vita ilipoanza Djugu, tulikuwa karibu kumaliza sekondari. Viti vikaanza kuwa wazi. Mwalimu mmoja, mtu mpole, alikuwa akiita majina kila asubuhi. Siku moja akaanza kuyaruka. Hakuyafuta kwenye orodha. Aliyaruka tu, kidole kikishuka kwenye karatasi. Hakuna aliyeuliza juu ya nini, na sisi hatukuuliza. Leo tuko upande wa pili wa meza, na tangu fujo za Djugu zilipoanza tena Desemba 2017 orodha zetu zinafanya kinyume: majina yanaongezeka chini, kwa kalamu ya rangi nyingine, watoto wa wakimbizi. Kidole kinafika pale na kinasita.

Ndiyo maana tunasema kurasa hizo ni za kwetu. Chuki haikuingia Mbunya siku ya bunduki. Ilianza na jina. Agosti 2002, UPC iliposhika mji, neno «jajambo» walilopewa wasio wazaliwa wa Ituri lilitosha mtu aporwe na kufukuzwa, na Wanande wengi waliteseka juu yake. Walakini ukiwauliza wazee vizuri, nani hapa hakutoka pahali? Wahema wanasimulia Bunyoro, ng'ambo ya ziwa. Walendu wanasimulia kushuka toka kaskazini. Waalur wanasimulia mto Nile. Baba ya Joffo alifika Paris kwa namna hiyo hiyo, tofauti ni kwamba yeye hakupata karne tatu za kusahauliwa ugeni wake.

Ukurasa mwingine ni wa kofi. Usiku wa kuondoka, baba anamwita Joseph na kumuuliza kama ni Myahudi. Mtoto anakana. Baba anampiga kofi zito, jinsi polisi angelimpiga, na kumuuliza tena, ili aone kama atashika uongo wake. Tulikuwa tumetayarisha maswali juu ya ukurasa huo, sawa tulivyofundishwa chuoni: kwa nini baba anafanya hivi, mtoto anasikia nini moyoni. Hatukuyahitaji. Mvulana wa benchi la nyuma alisema: «Mwalimu, hata mama alitufundishaka vile.» Wengine wakatazama chini. Katika mji wetu ambako wote tunasema Kiswahili, mtu anaweza kujificha ndani ya Kiswahili kwa muda, mpaka kwenye bariyeri atakapoulizwa jina la babu na kijiji. Mzazi aliyemfundisha mtoto babu mwingine alimwokoa. Alimfundisha pia kwamba babu yake wa kweli ni kosa. Joffo anajua mambo yote mawili, na hachagui moja. Hapo ni mwandishi mkubwa.

Pengine si hivyo. Watoto wanaruka kila mara kwa bahati: padri katika treni anasema wako pamoja naye, daktari anafunika ukweli, padri mwingine wa Nice anatafuta barua za ubatizo. Tunaamini kwamba yote yalitokea. Lakini tulipofika Nice darasa lilikuwa linacheka na kupiga makofi kila Joseph alipowadanganya Wajerumani, na tulielewa kwamba kitabu kimekuwa hadithi ya Sungura na Fisi. Mwerevu anapona, mjinga analiwa. Hatuna ugomvi na Sungura, ametulea wote. Ila Sungura hafundishi mtu kuuliza habari za wale wasiopona. Kutoka Ufaransa peke yake watoto wa Kiyahudi zaidi ya 11.000 walipelekwa kwenye makambi ya kifo, na hawakuwa wajinga kuliko Joseph. Mtoto wetu ambaye kaka yake alibaki Nyankunde Septemba 2002, au Bogoro Februari 2003, akisikia hadithi ya werevu tu, atafikiri nini juu ya kaka yake? Mwalimu lazima asimame hapo na kuyasema. Kitabu chenyewe hakisimami vya kutosha.

Kwa upande mwingine, yule padri wa treni anatusahihisha sisi. Bibi zetu walikuwa na hadithi ya mgeni mwenye vidonda anayeomba maji: mke mmoja anamfukuza, mwingine anamwosha, na asubuhi vidonda vinageuka kuwa utajiri. Tuliipenda sana. Lakini angalia vizuri: mgeni ni mkubwa aliyejificha, na anayempokea analipwa. Tulifundishwa kumpokea mgeni juu ya kile anachoweza kuwa. Yule padri hajui watoto wale ni nani, hapati kitu, anashuka Dax na hadithi inaendelea bila yeye. Tunaomba wazee watusamehe, lakini hapa hadithi ya Mzungu imepita ya bibi.

Kuna pia sehemu ya duka la vitabu, karibu na mwisho. Joseph anafanya kazi kwa mzee anayemtukuza Marshal Pétain na kuwasema Wayahudi vibaya kila siku. Mzee anampa kazi na malazi, wala hajui mtoto aliye mbele yake ni nani. Tulitaka kukaa hapo muda mrefu, kwa sababu ndiyo hali ya Mbunya yenyewe: watu waliolala nyumba moja na waliowachukia, wakala sahani moja, wakasikia maneno yote. Darasa halikupenda. Walitaka vita iishe. Labda tulikosea kuwalazimisha.

Mtu anaweza kusema: juu ya nini kwenda mpaka Paris, wakati tunavyo vitabu vidogo vya amani? Tunavyo, ndiyo. Tangu 2003 vimegawanywa mashuleni kwa maboksi, vyenye picha za rangi. Mtoto wa kijiji cha kilimani na mtoto wa kijiji cha bondeni wanagombana juu ya kisima, na kwenye ukurasa wa mwisho wanashikana mikono. Majina ya vijiji hayako duniani. Majina ya watoto si ya kabila lolote. Wanafunzi wetu wanasoma dakika tano, halafu wanaanza kukisia: huyu wa kilimani ni sisi au ni wale? Kumbe kuficha majina kumewapa mchezo wa kuyatafuta. Joffo anaandika Myahudi, Mjerumani, Mfaransa, na mtaa wa rue de Clignancourt, na kwa hiyo hakuna wa kukisia.

Je, sisi tungeweza kuandika hivyo? Msomaji ameona kwamba katika karatasi hizi tumetaja «jajambo», na majina mengine ya matusi, yale makali zaidi ya pande mbili, hatukuyataja. Tuliyaandika mara ya kwanza, tukayafuta. Kitabu hiki kitasomwa Mudzipela na kitasomwa kambini Kigonze. Joffo alisubiri karibu miaka 30 baada ya vita yake kwisha, na yetu haijaisha.

Mwaka jana, tulipomaliza kusoma, tuliwaomba wanafunzi waandike ukurasa mmoja juu ya safari. Msichana mmoja aliandika juu ya usiku wa kuondoka kijijini. Mama yake anamvalisha nguo mbili, moja juu ya nyingine, na njiani anampa jina jingine la kusema. Mdogo wake hakuweza kulishika jina jipya, kila akiulizwa alisema la zamani, basi mama akamfunga mgongoni na kumwambia wote kwamba ni bubu. Ni hayo tu. Hakuna kabila, hakuna kijiji, lakini si kama kwenye vitabu vya amani, kwa maana nguo zile mbili zilikuwa na rangi na tulihisi joto lake.

Tukamwomba asome mbele ya darasa. Alipomaliza, mmoja akauliza: «Mulikuwa mukikimbia banani?» Alikunja kaye yake, akatutazama sisi, si yule aliyeuliza, akarudi kukaa. Tulikuwa na kitabu cha Joffo mkononi, na hatukujua kama tumwambie ajibu au tumwache. Kengele ikalia.