Krioli na Kumbukumbu ya Ukoo: Kinubi cha Kibera

Suala la utambulisho wa watu walioondolewa makwao limezoeleka kuhusishwa na fasihi ya Karibi. Mwaka 1984, Kamau Brathwaite wa Barbados alitetea usemi wa watu wa visiwa hivyo: si Kiingereza kibovu, bali ni lugha iliyobeba historia yao. Ili kuipima hoja hiyo, mhakiki wa Nairobi hana haja ya kuvuka bahari, Kibera inatosha.

Wanubi wa Kibera ni wazao wa askari wa Sudan, wengi wao waliokuwa chini ya Emin Pasha kabla ya Lugard kuwachukua mwaka 1891. Waingereza waliwapa makao Kibera mwanzoni mwa karne ya 20. Kwa kuwa askari hao walitoka katika makabila mengi, kilichowaunganisha si nasaba moja bali ni Kinubi, krioli yenye msamiati mwingi wa Kiarabu, lakini ambayo vitenzi vyake havibadiliki kulingana na nafsi. Kukiita Kiarabu kilichoharibika ni kuihukumu matini kwa kanuni za matini nyingine.

Jina la mtaa lenyewe ni ushahidi. Limetokana na kibra, yaani msitu. Anayelirithi neno hilo hurithi pia picha ya mahali kabla ya mabati. Hivyo kumbukumbu ikawa dai la haki, lililopiganiwa kwa miongo mingi hadi jamii ilipopewa hati ya ekari 288 mwaka 2017.

Hata hivyo, kumbukumbu huchagua. Simulizi za jeshi humtukuza babu, ilhali lugha ililelewa na akina mama, nyumbani na katika ngoma yao ya doluka. Mhakiki anayeishia kambini huipoteza nusu ya matini.

Kawangware inatoa ulinganisho wa manufaa. Mtoto wa wazazi waliotoka magharibi mwa Kenya husikia Kiluhya cha nyanya yake nyumbani, na mtaani huzungumza Sheng. Sheng humpa wenzake wa rika, lakini bado haijampa ukoo. Ila Kinubi nacho kilianza kuwa lugha ya ukoo pale tu wazazi walipokitumia kuwalea watoto. Hati ya 2017 inalinda ardhi. Malezi hayo haiwezi kuyafanya. Ndiyo maana nyimbo za doluka zinastahili kuhakikiwa sasa, wakati wanaozielewa wangali wanaziimba.